Kiti cha Kuzunguka cha Nabututu

Hebu niambie, wewe umewahi kukunja shuka la kitanda kikubwa peke yako? Sisemi foronya, sisemi taulo. Nasema shuka lenyewe, lile la hoteli, ambalo ukilitandaza uwanjani kuku sita watalala juu yake na mmoja bado atanyoosha mguu. Unashika pembe hii, ile inakimbia. Unabana katikati kwa kidevu, chini linafagia sakafu. Ukimaliza una kitu kama mzigo wa kuni uliofungwa na mlevi. Shuka lina pembe nne na binadamu ana mikono miwili. Hesabu hiyo hata mtoto wa chekechea anaiweza.

Nabututu aliijua hesabu hiyo kwa miaka kumi na tisa. Alikuwa mama wa Kibukusu, mrefu, mwenye mikono ya kuchuma parachichi bila ngazi, na aliishi Kaloleni pamoja na mumewe Waswa na watoto wao, Naswa na mdogo wake, katika zile nyumba za zamani za baraza la mji. Kila asubuhi alifunga leso kichwani, akavaa raba zake nyeupe alizozipaka chaki, akatembea hadi kwenye kiwanda cha kufua cha Madam Seline, upande wa ziwani, ambako hoteli nyingi za Kisumu hupeleka mashuka yao. Seline mwenyewe alianza na mabeseni mawili na kamba moja, yeye na Nabututu. Sasa alikuwa na mashine zinazonguruma kama ng'ombe wa jirani, boila iliyotunzwa na mtu mmoja mnene aitwaye Opondo, na ukumbi mrefu wenye meza sita za kukunjia, watu wawili kila meza.

Nabututu alikuwa meza ya nne, ile iliyo karibu na dirisha, na mwenzake alikuwa Dorca.

Dorca alitoka Bondo. Alikuwa mfupi, mweusi wa kung'aa, mwenye pengo la meno ya mbele na sauti ambayo angeitumia kumwita mtu aliye ng'ambo ya pili ya maji bila kupanda mtumbwi. Mmoja mrefu na mwingine mfupi, shuka lingepaswa kwenda upande. Lakini Nabututu alikunja viwiko kidogo, Dorca akasimama kwa vidole vya miguu, na baada ya miaka mingi hakuna aliyekumbuka kwamba anafanya hivyo.

Kazi ilikuwa na utaratibu wake. Wawili husimama mbali, kila mmoja na pembe zake mbili. Wanavuta mara moja, pah! mikunjo inatoroka. Wanakunja kwa urefu, wanavuta tena, halafu wanatembea kukutana. Mmoja anampa mwenzake pembe na kuinama kuuchukua mkunjo wa chini. Wanaachana, wanakutana, wanaachana, mpaka shuka linalala juu ya mkono kama kitabu cha nyimbo. Na kwa sababu ya kutembea huko, mazungumzo nayo yalifuata miguu. Mkiwa mbali mnasema ya watu wote. Pembe zikikutana, vichwa vikiwa karibu, ndipo husemwa ya siri, maneno matatu manne tu, kisha mnaachana.

"Sukuma wiki imepanda!" Dorca angepaza sauti kutoka mbali.

Wanakutana. "Alikuja?" Nabututu ananong'ona.

"Alikuja. Na mama yake."

Wanaachana. "Na mvua nayo jana!"

Wanakutana. "Na mama yake? Yawa!"

Siri moja nzuri ilimaliza mashuka arobaini. Uchumba wa mtoto wa dada yake Dorca ulimaliza mzigo mzima wa hoteli ya ghorofa nne, na wakasikitika ulipoisha.

Tena kulikuwa na jambo lingine. Wajaluo wana desturi yao ya pakruok, yaani mtu anasimamisha ngoma katikati ya sherehe ili ajisifu mwenyewe na amsifu rafiki yake. Ukumbini hapakuwa na ngoma, lakini meza ya kwanza kumaliza mzigo wake ilikuwa na haki ya kupiga kelele "Simama!", na wote wakasimama na mashuka hewani wakisubiri kusikia.

"Mimi ndiye Dorca nyar Sakwa, binti wa Sakwa!" Dorca angesema, mikono kiunoni. "Niliyezaliwa pale samaki wanaomba ruhusa kabla ya kuogelea! Mfupi kama pilipili, uliza aliyenitafuna! Rafiki yangu ni Mama Naswa!"

Naye Nabututu, ambaye kwao Bungoma watu hawajisifu hivyo wakiwa wazima wa akili, alijifunza taratibu, na mwisho akawapita. "Mimi ndiye Nabututu, Mbukusu aliyekula kuku mpaka jogoo akimwona anaandika wosia! Mikono yangu ikianikwa juani kuna watu watafikiri ni kamba! Rafiki yangu ni Dorca, na asiyempenda Dorca akalale bila shuka!"

Wakacheka mpaka Opondo akachungulia kutoka kwa boila yake kuuliza kama kuna moto.

Sasa, miezi mitatu kabla ya haya ninayotaka kueleza, msimamizi wa ukumbi alistaafu akaenda kwao Awasi kufungua duka. Madam Seline aliita watu wote. Akasema katika miaka kumi na tisa Nabututu hajachelewa ila mara mbili, na mara zote mbili alikuwa anajifungua. Akasema mtu wa namna hiyo haachwi amesimama. Akampa cheo.

Watu walipiga makofi na vifuniko vya vikapu. Dorca alipiga vigelegele kuliko wote, machozi yakimtoka, na hakuna aliyeuliza ni ya aina gani.

Ofisi ya msimamizi ilikuwa chumba kidogo cha vioo kilichoinuliwa kwa mbao pembeni mwa ukumbi, ili aliye ndani awaone wote. Ndani mlikuwa na meza, daftari la zamu, na kiti cheusi cha magurudumu, kile cha kuzunguka. Ukikaa ukasukuma kwa mguu kidogo, kinakuzungusha mpaka unauona ukuta, halafu mlango, halafu ukuta tena. Siku ya kwanza Nabututu alizunguka mara tatu akacheka peke yake. Siku ya pili alizunguka mara moja. Siku ya tatu alikaa tu.

Kwa maana vioo vile vilikuwa vizito. Aliona midomo ya watu ikisema na hakusikia kitu. Aliona Dorca akitupa kichwa nyuma kwa kicheko na hakujua kilichochekesha. Alipofungua mlango na kushuka, wote walinyamaza, mtu akasema, "Shikamoo Madam," na huyo alikuwa Apiyo wa meza ya pili, ambaye mwezi mmoja tu nyuma alikuwa akimwita "wewe mrefu."

Alitaka kurudi mezani. Hilo alilijua kuanzia wiki ya kwanza, kama unavyojua kiatu kimekubana kabla ya kufika langoni. Lakini angelisemaje? Cheo ni kama kuku wa mgeni. Ukishachinjiwa, ukaletewa firigisi mbele ya watu wote, huwezi kuirudisha kwenye sahani ukasema leo ningependelea maharagwe. Utakuwa umemtukana mwenye nyumba, mpishi, na kuku mwenyewe.

Na Waswa je? Waswa alikuwa fundi wa baiskeli, mtu wa maneno machache, lakini habari ile ilimfungua mdomo kama kopo la maziwa. Aliwaambia wanakwaya. Alimpigia simu dada yake aliyeko Chwele. Akamwambia mtu aliyeleta tairi la kuzibwa, "Ngoja kidogo, mke wangu ni msimamizi," kana kwamba hilo litaziba tairi. Jioni alimvua Nabututu raba, akamletea maji ya moto ya miguu. "Ingawa sasa haichoki," alisema kwa furaha, "maana unakaa." Kweli, miguu haikuwa inachoka. Nabututu aliitumbukiza majini akaiangalia kama wageni.

Meza ya nne akawekwa Wakhisi, mama wa makamo, mpole, mwenye akili nyingi ya kupanga mambo na magoti mabovu. Wakhisi alikuwa akikunja vizuri, lakini kufikia saa nne magoti yalivimba kama viazi, akawa anaegemea meza kila shuka la tatu. Hakusema lolote. Mtu aliyepewa nafasi ya Nabututu karibu na dirisha aseme nini?

Hapo ndipo alipoingia Debra.

Debra alikuwa afisa wa masilahi ya wafanyakazi, wa kwanza kuwahi kuajiriwa pale. Alikuwa msichana wa miaka ishirini na sita, mwenye miwani na moyo mzuri, aliyesomea chuo kikuu pale Bondo mambo ya nafsi ya mtu akiwa kazini: kinachomfurahisha, kinachomchosha, kwa nini mmoja anaamka Jumatatu akiimba na mwingine akiamka analaani jogoo. Alikuja na fomu. Kila swali lilikuwa na sura tatu zilizochorwa pembeni, ya kucheka, ya kununa, na ile ya katikati iliyo kama mtu anayesubiri kupiga chafya. "Una furaha gani na kazi yako? Weka alama."

Wote waliweka alama kwenye sura ya kucheka. Wote, kuanzia swali la kwanza hadi la kumi. Opondo, aliyekuwa na malalamiko ya kutosha kujaza boila, aliweka alama kwenye kucheka na akaiongezea ile sura masharubu.

Sasa mtoto huyu alikosea, na ni kosa la kustaajabisha maana alikuwa mtoto wa hapa hapa. Kwetu ukimwuliza mtu habari, hata kama nyumba yake imeungua jana, atakujibu nzuri. Utakaribishwa, utakaa, utaletewa chai, utaulizwa ya watoto na ng'ombe, na kikombe kikifika nusu ndipo atasema, "Ila nyumba iliungua." Fomu haikuja na chai. Basi watu waliijibu kama wanavyojibu salamu.

Debra alipeleka majibu kwa Madam Seline akiwa amechanganyikiwa. "Wana furaha mia kwa mia, Madam. Kitabuni hakuna mahali kama hapa."

"Basi kitabu kije kitutembelee," Seline akasema.

Lakini Debra hakuwa mjinga. Alimwona Nabututu nyuma ya vioo, kidevu mkononi, macho kwenye meza ya nne. Akajiambia: mama huyu hayuko sawa, chumba kina joto. Akaleta feni.

"Unaendeleaje, Mama Nabututu?"

"Nzuri sana, mwanangu. Feni ni nzuri."

Wiki iliyofuata akaona uso ni ule ule. Akajiambia: ni mgongo. Akaleta mto wa kukalia, wenye maua ya zambarau.

"Sasa je?"

"Nzuri sana. Maua nayo ni mazuri."

Wiki ya tatu akaleta birika la umeme. "Ili usihangaike kushuka saa nne kupanga foleni ya chai na watu," akasema, akiwa amefurahi sana na wazo lake. Nabututu alimshukuru kwa mikono miwili. Saa nne ikafika. Chini watu walikaa juu ya vikapu vilivyopinduliwa, wakipokezana bakuli la nyoyo, mahindi na maharagwe ya kuchemsha, na Dorca akawa anaigiza mtu fulani anayetembea kwa kujidai. Huku juu birika likachemka likajizima, tik. Nabututu akanywa chai yake peke yake, yenye sukari aliyojipimia mwenyewe, na haikuwa na ladha.

Ndiyo maana nasema, mtu anaweza kuzikwa kwa matakia.

Barua ya kumthibitisha kazini ilikuwa itiwe sahihi siku ya Ijumaa, miezi mitatu ikitimia. Akishatia sahihi, Wakhisi naye anaandikwa meza ya nne kabisa, na mambo yamekwisha. Waswa alikuwa amenunua kreti ya soda tangu Jumatano. Alhamisi Nabututu alijaribu kumweleza akiwa anachambua mchele.

"Baba Naswa, hivi mtu akipewa kitu kizuri..."

"Anasema asante," Waswa akajibu, akimpapasa bega, akaenda kuzipanga soda ndani ya beseni la maji.

Ijumaa ilianza kwa kishindo. Hoteli moja ya ziwani ilikuwa inapokea wageni wa mkutano mkubwa, wakaleta mashuka mia nne na themanini asubuhi, yawe tayari saa nane mchana. Opondo alichochea boila mpaka mabomba yakaimba. Mashuka yakaja meza baada ya meza, moto, yakinukia sabuni na jua. Meza zote zilikuwa zinakwenda, isipokuwa ya nne.

Kufikia saa tano Wakhisi alishika pembe zake mbili, akapiga hatua, goti likakataa. Akakaa kwenye kreti polepole kama mtu anayeteremka kisimani. "Nendeni tu, mimi napumzika kidogo," akasema, naye akatabasamu kwa adabu huku jasho likimtoka.

Debra aliyaona hayo akiwa anapita. Akavua koti lake, akakunja mikono ya blauzi, akashika pembe mbili. "Nitasaidia."

"Wewe, mwana wa chuo?" Dorca akamtazama juu mpaka chini. "Haya. Vuta."

Debra akavuta kwa nguvu zake zote. Shuka likamponyoka Dorca, likaruka, likamfunika Debra mwenyewe kichwa na miwani. Ukumbi mzima ukapasuka kwa kicheko.

"Nimesema vuta, sijasema uolewe nalo!" Dorca akasema, akimfunua kama bibi harusi. "Tena. Taratibu. Njoo kwangu. Kwangu, si dirishani! Sasa nipe pembe. Hiyo siyo pembe, hiyo ni katikati. Mama yangu, ulisomea nini huko Bondo na shuka zote tulizo nazo?"

Nyuma ya vioo Nabututu alikuwa amesimama. Akakaa. Akasimama tena, akashika kitasa, akakiachilia, akakaa, na kiti kikamzungusha kikamwonyesha ukuta. Akajirudisha kwa mguu. Chini pale aliona shuka la hoteli, shuka zuri la pamba, likikunjwa likawa na umbo la kobe. Dorca aliliangalia lile shuka, akainua macho moja kwa moja hadi kwenye vioo, akalikung'uta tena, akanyanyua hewani pembe mbili zisizo na mtu.

Nabututu hakumbuki alivyoshuka ngazi. Anakumbuka tu kwamba raba zake zililia sakafuni.

"Kaa, mwanangu, upate pumzi," alimwambia Debra, akachukua pembe.

Pah!

Oh, sauti ile. Viwiko vyake vikajikunja vyenyewe, Dorca akapanda kwenye vidole vyake, shuka likanyooka kama ziwa asubuhi kabla upepo haujaamka. Wakatembea wakakutana.

"Umekonda," Dorca akanong'ona.

Wakaachana. "Leo jua ni kali!" Nabututu akapaza sauti, na sauti yake mwenyewe ikamshangaza kwa ukubwa.

Wakakutana. "Chai yangu haina ladha."

Wakaachana. "Jua kali kweli!"

Wakakutana. "Wakhisi hajui kusengenya. Anasema tu, 'Mungu amsaidie.' Nimekauka!"

Nabututu akacheka akapoteza hatua, jambo ambalo halikuwahi kutokea. Wakaanza upya. Mashuka kumi. Mashuka thelathini. Mgongo wake ukalowa, leso ikateleza, mabega yakauma ule uchungu mtamu anaoujua. Siri za miezi mitatu zilikuwa nyingi: uchumba wa mtoto wa dada ulikuwa umevunjika na kuungwa tena; Apiyo alikuwa anajifunza kuendesha pikipiki; Opondo alikuwa anaandika barua za mapenzi kwa muuza mandazi na anaziweka zikauke juu ya boila. Wakakutana kwenye shuka la sabini na kitu.

"Waambie," Dorca akanong'ona.

"Siwezi. Watasema najidharau."

Wakaachana. Hakuna aliyesema kitu cha mbali. Wakakutana.

"Mimi sikulia kwa furaha siku ile," Dorca akasema, kisha akamnyang'anya pembe.

Saa saba na dakika arobaini shuka la mwisho la meza ya nne lilikaa juu ya rundo. Walikuwa wameanza wa mwisho wakamaliza wa pili. Hawakuwa na haki ya kupiga kelele, lakini Calvince wa meza ya kwanza, aliyekuwa nayo, akapiga kelele "Simama!" kisha akasema, "Naiachia meza ya nne!" na Dorca hakungoja aulizwe mara mbili. Akapanda kwenye kreti.

"Mimi ndiye Dorca nyar Sakwa, niliyekaa miezi mitatu kama jiwe la kusagia la juu bila la chini! Leo unga umetoka! Rafiki yangu..."

Mlango ukafunguka. Madam Seline akaingia, bahasha mkononi, lipstiki mpya mdomoni kwa ajili ya picha ya kutia sahihi. Akaona msimamizi wake amelowa jasho, leso shingoni, aproni ya mtu mwingine kiunoni.

"Nani amemfanyisha Nabututu kazi?" akauliza.

Boila ikapumua.

"Ni mimi, Madam," Debra akasema, akinyoosha miwani. Nywele zake bado zilikuwa zimesimama kwa ajili ya lile shuka. "Yaani, mimi ndiye niliyeharibu. Na si mashuka tu. Nilileta fomu nikawauliza kama wana furaha, nao wakanijibu vizuri kama watu waliolelewa vizuri. Nikaleta feni, mto, na birika. Sikuwahi kumwuliza mtu hata mmoja anataka nini." Akamgeukia Nabututu, sauti ikapungua. "Mama, unataka nini?"

Watu wote wakamwangalia. Nabututu aliangalia bahasha. Aliwaza soda ndani ya beseni, dada wa Chwele, wanakwaya.

"Mimi?" akasema. "Mimi niko sawa tu. Nashukuru."

Dorca akasonya kwa sauti ambayo ilisikika hadi barabarani.

Kisha kutoka chini, kwenye kreti karibu na dirisha, sauti ya Wakhisi ikatoka, ile sauti ndogo ambayo haikuwahi kusema zaidi ya "Mungu amsaidie."

"Mimi siko sawa!" Wakhisi akasema. Alishtuka mwenyewe, lakini alikuwa amekwisha kuanza. "Madam, magoti yananiua. Nasimama kwa aibu tu, kwa sababu nilipewa nafasi nzuri. Zamu za watu wote ziko kichwani mwangu, hata za mwaka jana. Na kile kiti, nisameheni wote, kile kiti nimekiota. Nimeota nakizungusha!"

Halafu Opondo, mlangoni kwa boila, akaanza kucheka polepole, he, he, he, na kicheko kikashika meza ya kwanza, ya pili, kikaenda mpaka ya sita. Hata Seline lipstiki ikamshinda, akaziba mdomo kwa bahasha. Wakhisi alijifunika uso kwa aproni, lakini mabega yake yalikuwa yanatikisika, naye alikuwa anacheka kuliko wote.

"Haya," Madam Seline akasema alipoweza. Alimsogelea Nabututu, akamtazama kama walivyotazamana zamani wakati wote wawili walikuwa na beseni mbele yao. "Mwenzako ameshakuwa jasiri. Mimi nilikuinua nikifikiri nakupumzisha, dada yangu. Kama nilikosea niambie, sitakasirika. Na Waswa nitazungumza naye mimi."

Nabututu alihisi Dorca amesimama nyuma yake, ingawa hakumgusa. Akapangusa jasho kwa kiganja, akasimama kwa urefu wake wote, ule ambao kwa miezi mitatu ulikuwa umekunjwa ndani ya kiti.

"Nataka kurudi meza ya nne," akasema, na alipolisikia neno hilo limetoka, akasema na mengine yote. "Nataka kusimama na Dorca kuanzia asubuhi hadi jioni, yeye huko na mimi huku. Nataka chai ya foleni. Nataka Apiyo aniite wewe mrefu. Sitaki kuitwa Madam na mtu ninayejua siri zake. Madam Seline, mimi sijachoka. Nataka kukunja mashuka."